Jinsi ya Kuanzisha Kampuni ya Gemu na Kuizamisha

Ndugu mtengenezaji wa gemu, kazi yako imependwa, jina limevuma, na sasa unaona kukaa chini ya bosi ni kujishusha. Hongera. Umefika alipokuwa John Romero wa Marekani mwaka 1996. Njia amekwisha kuifyeka. Kazi yako ni kupita tu.

1. Anza na dhiki

Bila dhiki utawasimulia nini waandishi wa habari? Mwaka 1990 Romero, John Carmack, Tom Hall na Adrian Carmack walikuwa waajiriwa wa Softdisk, mjini Shreveport, Louisiana. Wikiendi walibeba kompyuta za mwajiri hadi nyumbani, wakakesha wakitengeneza gemu yao, Commander Keen, kisha wakazirudisha kimyakimya. Mwaka 1991 wakaanzisha id Software. Desemba 1993 wakatoa Doom: sehemu ya kwanza bure, ukinogewa unanunua zilizobaki. Siku ya kuipakia kwenye seva ya Chuo Kikuu cha Wisconsin, mashabiki walikuwa wamejazana humo wakisubiri, hata wenye gemu wenyewe wakakosa pa kupita.

Hatua hii ina kasoro moja: inafanya kazi. Usiizoee.

2. Tafuta ofisi, gemu itajitokeza

Gombana na wenzako, ondoka, fungua kampuni yako. Ion Storm ya Romero ilipanga ghorofa ya 54 katikati ya Dallas, chini ya paa la vioo. Mgeni akiinua macho anaona mawingu. Tatizo ni kwamba jua la Texas nalo liliona ndani, likamulika skrini mpaka hazisomeki. Watengenezaji wakaezeka vitambaa vyeusi juu ya meza zao. Ndivyo inavyotakiwa: kodi unalipia mwanga, kazi unaifanyia gizani.

3. Ahidi kwanza, hesabu baadaye

Gemu yako ipite katika zama nne, kila zama na silaha zake na maadui zake. Sema itatoka Krismasi. Romero alisema hivyo kuhusu gemu yake, Daikatana: Krismasi ya 1997. Krismasi ilifika kwa wakati.

4. Mtishie mnunuzi

Chema chajiuza, kibaya chajitembeza. Chako basi kitembee kwa kishindo. Mwaka 1997 Daikatana ilitangazwa kwa ukurasa mwekundu usio na hata picha moja ya gemu. Maandishi yake meusi yalimwambia msomaji, kwa lugha isiyofaa mbele ya wakwe, kwamba Romero yu njiani kuja kumdhalilisha. Wasomaji wakaitunza ahadi hiyo kuliko ile ya Krismasi.

5. Kazi ikichanganya, anza upya

Ukiona Quake II ya wenzako wa zamani ina taa za rangi, tupa injini uliyojengea, hamia ya kwao. Watu wako watachoka, lakini usiwaulize. Novemba 1998 wanane kati ya waliokuwa wakiitengeneza Daikatana waliaga kwa pamoja.

6. Mkaribishe mchezaji kwa mbu

Gemu ikitoka hatimaye, mwaka 2000, mteja aliyengoja miaka yote hiyo umpeleke moja kwa moja kinamasini, apigane na vyura na mbu wa chuma. Mpe pia wasaidizi wawili wanaokwama milangoni na kukatiza mbele ya risasi, kisha weka sheria kwamba wakifa, ameshindwa yeye.

7. Usiwachunguze walio mbali

Ion Storm ilikuwa na ofisi nyingine mjini Austin, chini ya Warren Spector. Huko hapakuwa na ghorofa ya 54 wala matangazo ya matusi. Mwaka huohuo wakatoa Deus Ex, gemu inayosifiwa hadi leo. Ofisi ya Dallas ilifungwa mwaka 2001. Jambo kama hili lisikufikirishe sana. Linaweza kukupa busara kabla ya wakati.

8. Rudi kazini

Hapa ndipo wanafunzi wengi wa mwongozo huu hushindwa, kwa sababu hakuna sherehe. Romero aliomba radhi hadharani kwa lile tangazo. Mwaka 2015 yeye na mkewe, Brenda, wakaanzisha Romero Games nchini Ireland. Mwaka 2019 akatoa Sigil, sehemu mpya ya Doom ileile ya 1993, kwa yeyote anayeitaka, bure.

Asiye na muda wa kuzunguka hivyo anaweza kutoka hatua ya kwanza moja kwa moja hadi ya nane. Ataokoa kodi, vitambaa na watu wanane. Ila sisi waandishi wa miongozo atakuwa ametukatia riziki.