Deni, Mgeni Asiye na Haraka

Olimpiki huisha kwa wiki mbili. Wanariadha hufunga virago, wakubwa hupanda ndege, bendera hukunjwa. Katika msafara mzima ni mmoja tu asiye na haraka ya kuondoka, naye hatujawahi kumwimbia hata ubeti: deni.

Chukua lile la Montreal, Kanada, la mwaka 1976. Meya Jean Drapeau aliwatuliza watu kwamba Olimpiki haiwezi kuleta hasara, kama mwanamume asivyoweza kupata mtoto. Deni halikumbishia mzee wa watu. Lilinyamaza, likanenepa, likaja kumalizika mwaka 2006. Miaka 30! Ndoa ngapi hufika huko?

Tena halibagui. Sisi Watanzania tulisusia michezo ile pamoja na nchi nyingi za Afrika, kisa New Zealand kwenda kucheza raga na makaburu wa Afrika Kusini. Filbert Bayi, aliyekuwa na rekodi ya dunia ya mita 1,500, akabaki nyumbani, dhahabu akaichukua John Walker wa hao hao New Zealand. (Hilo bado linauma, lakini leo ni siku ya sifa.) Mvuta sigara wa Quebec, jimbo lenye Montreal, yeye hakuwa na la kususia. Kodi ya tumbaku ndiyo iliyolilisha deni, kwa hiyo kila aliyesimama kwenye theluji akikohoa na kipisi mdomoni alikuwa anaijenga Olimpiki, hata kama alizaliwa mwenge umeshazimwa.

Uwanja wenyewe haukuwa imara kama deni lake. Michezo ilifunguliwa mnara haujakamilika. Ukaja kuisha 1987 na paa likawekwa, likawa la kuchanika kila mara. Likaletwa jingine, nalo mwaka 1999 theluji ikalipasua. Mwaka 2024 serikali ilitangaza paa jipya la dola za Kanada milioni 870. Deni halijawahi kuvuja.

Na njia ya kuja kwetu Afrika Mashariki deni linaijua. Kwa ajili ya AFCON ya 2027, Nairobi inajenga Uwanja wa Talanta wa watu 60,000 kwa hatifungani ya shilingi za Kenya bilioni 44 na ushei, ya miaka 15. Mafundi wanaweza kuchelewa, nyasi zinaweza kugoma kuota. Riba imeshaanza mazoezi.