Sifa za Kosa

Watunzi wamewasifu wafalme, farasi, na hata mnazi, lakini sijasikia aliyemtukuza Kosa kwa taadhima anayostahili, ilhali kwa ukarimu hana mfano, kwani huingia nyumba ya tajiri na ya fukara bila kualikwa, na hafunzi kwa ujira.

Huko Tumati, katika milima ya Mbulu, mahakama yake hukaa uwanjani. Mkulima wa Kiiraqw aliyelima kwa kuufuata mteremko badala ya kuukinga, mvua za kwanza humtolea hukumu: udongo wake hushukia kwa jirani, na korongo hubaki mbele ya macho ya kila apitaye kwenda mnadani. Hapana wakili, hapana rufaa. Msimu wa pili matuta yamekwisha kugeuzwa. Kosa dogo lina bei ndogo, na mwenyewe hana pa kulificha.

Kosa kubwa hupenda kusafiri na nyaraka. Huko Basotu, Hanang, mashamba ya ngano ya NAFCO, shirika la kilimo la serikali, yaliyopanuliwa kwa msaada wa Kanada katika miaka ya 1970, yalienea katika takriban ekari 100,000 za malisho ya Wabarabaig. Mitambo ilikuwa mikubwa, hesabu zilikuwa safi, na aliyeuliza ng'ombe watakwenda wapi alihesabiwa kuwa jahili wa maendeleo. Wanakijiji wa Mulbadaw walishitaki, wakashinda Mahakama Kuu, na mwaka 1985 Mahakama ya Rufani ikalipa shirika ushindi. Korongo la Tumati halijapata bahati ya namna hiyo.

Hata hivyo, insafu yataka nimtaje aliyempokea Kosa kwa heshima. Serikali ya Mwalimu Nyerere ilizivunja halmashauri za wilaya mwaka 1972 na vyama vikuu vya ushirika mwaka 1976, kisha sheria za mwaka 1982 zikavirudisha vyote viwili, na Mwalimu mwenyewe akakiri hadharani kwamba kuvivunja kulikuwa kosa, ikirari ambayo watawala wengi hufa nayo kifuani. Miaka 10 ni mingi machoni pa mtu wa Tumati, ambaye hulijua kosa lake kabla ya palizi. Lakini mtu huyo, maskini, hana makatibu wa kumwandikia ripoti kwamba korongo lile ni mfereji uliokusudiwa tangu awali.