Paipu ya Inchi Moja

Hadweani hakuna kitu kiongo kama paipu ya inchi moja. Inaitwa inchi moja, inauzwa kama inchi moja, lakini ukiipima kwa nje inapita milimita 33, na inchi ni milimita 25.4 tu. Jina lile ni la tundu la ndani, tena kwa makadirio. Mafundi wa Muhoroni hulijua jambo hili tangu wakiwa vibarua. Shemeji yangu, karani wa ofisi kule Kisumu, alilijua Jumamosi mchana mbele ya majirani.

Huku kwetu watu hununua tangi kabla ya kochi. Mvua ya alasiri hushuka kutoka upande wa milima ya Nandi, ikipiga mabati hadi mazungumzo yanaahirishwa, na asiyeikinga humwagilia miwa ya wenzake. Tangi letu la plastiki lilikuwa na bomba moja; tulitaka tundu la pili, la kupeleka maji jikoni. Fundi wetu alikuja na kipande cha paipu ya chuma na jiko la makaa. Paipu hupashwa moto mpaka iwe nyekundu, inasukumwa kwenye tangi, plastiki inayeyuka, moshi unafukuza kuku. Ukingo hubaki na vinundu na washa ya mpira haikai sawasawa, lakini kipimo hakikosei kamwe, maana paipu yenyewe ndiyo rula.

Shemeji akamzuia. “Fundi, hayo ni ya zamani. Leo tunatoboa kitaalamu.” Akafungua mkoba: drili mpya na msumeno wa mviringo, kikombe cha chuma chenye meno mdomoni na keekee nyembamba katikati. Ulikuwa wa inchi moja. Fundi aliutazama, akaitazama konekta ya tangi, akaomba chai.

Nikiri kwamba tundu lilitoka zuri ajabu, safi kama la kiwandani. Konekta ikakataa kuingia. Shemeji alisukuma kwa kiganja, kisha kwa goti, kisha kwa maneno ambayo watoto hawakupaswa kuyasikia. Akatumwa kijana dukani. Muuzaji alikuwa na msumeno wa milimita 32, akaapa utatosha “ukilazimisha kidogo”. Kwa bahati kijana alikuwa ameibeba konekta mfukoni, akarudi na wa 35.

Hapo ndipo sinema ilipoanza. Keekee ya katikati ndiyo inayoushika msumeno usitangetange, na sasa pale katikati palikuwa na hewa tupu. Shemeji alipobonyeza, msumeno uliondoka tunduni ukazunguka ubavu wa tangi ukichora ramani ya Ziwa Victoria, visiwa vikiwemo. Drili ikamkunja kifundo cha mkono. Fundi akaongeza sukari kwenye chai.

“Jaduong’, wewe unasemaje?” nikamuuliza jirani yetu, mzee aliyestaafu kiwanda cha sukari. Hakujibu. Aliingia jikoni akatoka na fagio la mke wangu, akakata kipande cha mpini, akakizungushia utepe wa tyubu ya baiskeli na kukigongomea ndani ya lile tundu dogo. “Haya, shemeji. Keekee ing’ate mti. Na polepole, chombo kipana hakitaki mbio.” Tundu likakatika, konekta ikaingia kwa vidole viwili, mke wangu akadai fagio.

Kwa kuwa mori ulikuwa umempanda, shemeji akataka kutoboa na vigae vya bafu kwa msumeno uleule. Hapo fundi aliweka kikombe chini. Ule wa meno ni wa mbao, plastiki na bati. Vigae vinataka wenye ukingo wa almasi, maji yakitiririka, na drili isiwe kwenye alama ya nyundo. Tukampa shemeji mlango wa stoo uliokosa kitasa. Alitoboa upande mmoja mpaka ncha ya keekee ikachungulia, akahamia upande wa pili, na mbao haikuchanika hata kidogo. Akatutazama kama aliyejenga reli.

Watoto walikuwa wameshaviokota vile vidonge viwili, cha plastiki na cha mbao, kila kimoja na tundu lake katikati, wakavichomekea kwenye gari lao la waya. Kimoja kidogo, kimoja kikubwa.

“Anko,” mdogo akamvuta shati, “bado magurudumu mawili. Tutoboe wapi?”