Hotuba ya Daktari wa Chewa

Mwenyekiti wa baraza, wazee wangu, akina mama wa vitumbua, itifaki imezingatiwa.

Kabla ya mada, niruhusuni nijitambulishe kwa ufupi, maana unyenyekevu ndio ugonjwa unaonisumbua. Mimi ni Daktari wa Elimu ya Chewa, yule samaki wa angani ambaye wazee wa pwani walisimulia kuwa humeza mwezi. Udaktari huu sikupewa na chuo. Vyuo viliogopa, nikajipa mwenyewe. Koti hili jeupe ni vazi la kitaalamu. Wanaonong'ona kwamba ni la muuza nyama, na kwamba analidai tangu Idi, waelewe kuwa madoa haya ni ya utafiti.

Sasa, Chewa. Ushahidi wa kwanza ni lugha. Tunasema mwezi "umepatwa". Umepatwa na nani? Kitu hakipatwi hivi hivi! Hoja hiyo ilinijia nikiwa kwa kinyozi, kichwa kimenyolewa nusu, nikatoka mbio kwenda kuiandika. Ndiyo maana picha yangu kwenye bango la leo imepigwa ubavuni.

Ushahidi wa pili ni tukio lenyewe. Jumapili, Septemba 7, 2025, saa 1 na dakika 27 usiku, Chewa aliuma kipande cha kwanza. Nilikuwa nimeshatabiri. Wenye husuda wanasema nilisikia habari hiyo redioni asubuhi kama wao. Mimi nasema redio ilinisikia mimi.

Ilipofika saa 2 na nusu alikuwa ameumeza wote. Nikaamuru madebe na masufuria yapigwe, nikaahidi kwamba ndani ya dakika tatu atautapika. Akautapika, au hakuutapika? Zilipita dakika 82, sawa, lakini mtaalamu huhusika na matokeo. Saa ni kazi ya makarani. Mke wangu, ambaye sufuria yake ya pilau ilibonyea kwa ajili ya sayansi, ameshanisamehe. Au atanisamehe akirudi kutoka kwao.

Usiku ule ndipo alipoanza kunifuatafuata mjukuu wa muuza vitumbua, mtoto wa darasa la sita. Kwanza akauliza: mbona alama ya jino la Chewa ni ya mviringo, kama kivuli cha mpira? Nikamjibu kwamba Chewa ni kibogoyo. Huuma kwa ufizi, na mwezi ulipogeuka mwekundu nilitangaza kuwa ufizi umetoka damu. Eti hapana! Eti dunia imekaa katikati ya jua na mwezi, na wekundu ule ni mwanga wa jua uliopinda ndani ya hewa ya dunia, ule ule wa machweo na mapambazuko. Nikamuuliza amesoma wapi. Akasema shuleni. Mnaona? Hana hata koti.

Ningewaonyesha ufizi kwa darubini yangu, lakini tangu niinunue, ndani yake ni giza tupu. Nilikwishaandika kurasa arobaini juu ya giza hilo, mtoto huyo huyo akaja akatoa kifuniko.

Na leo, mwezi mpevu ule pale juu ya mnazi, ananiuliza mbona Chewa hakuja. Anadai njia ya mwezi imeinama nyuzi kama 5, hivyo mara nyingi mwezi mpevu hupita juu au chini ya kivuli cha dunia. Nyuzi! Sisi wataalamu tunaiita shibe.

Nihitimishe. Chewa atarudi kuumeza mwezi wote Machi 3, 2026. Nimepiga hesabu mwenyewe. Viti vya mbele ni shilingi 5,000, fedha hairudishwi. Saa ngapi? Kilele ni saa 8 na dakika 33... mchana. Ndiyo, mchana. Mtoto, kaa chini. Anasemaje? Mwezi utakuwa upande wa pili wa dunia?

Basi, ndugu zangu, pimeni wenyewe ukubwa wa tukio: siku hiyo Chewa ataumeza mwezi kwa ufundi mkubwa kiasi kwamba hakuna hata mmoja wenu atakayeona kitu. Foleni ya tiketi ianzie kulia.