Stesheni Masta na Doudou

Wewe uliyewahi kukaa nyumba moja na mama mkwe, sogea tuongee. Wengine wakitaka kusikiliza wasikilize, ila hawataelewa kwa nini mwanamume mwenye nyumba yake anavaa suruali na shati la mikono mirefu saa nne usiku ili aende jikoni kunywa maji.

Ukweni ni ukweni. Sisi tulilelewa kwamba mama mkwe anasalimiwa kwa heshima, anapishwa njiani, na chakula chako unakula mahali ambapo hakuoni ukitafuna. Hakuna mzee aliyetufundisha la kufanya siku atakapohamia kwako, akaketi kwenye kochi lako na kushika rimoti. Wangu alihamia. Alishuka kwenye stesheni ya TAZARA hapa Dar es Salaam akitokea Mlimba, ana gunia la mchele wa Kilombero, tenga la kuku, na nyonga iliyovunjika shambani ikaungwa hospitali ya huko. Mke wangu alikuwa ameshaamua kabla treni haijafika: mama anakaa Tabata na sisi mpaka atembee. Mimi nikaitikia. Mama Neema akishaamua, kuitikia ndiyo kazi iliyobaki.

Watoto walimpa jina la Stesheni Masta ndani ya wiki ya kwanza. Sababu ya kwanza ni kwamba hakuna mtu aliyetoka wala kuingia mle ndani bila yeye kuuliza unakwenda wapi, unarudi saa ngapi, na umebeba nini. Sababu ya pili ni reli yenyewe. Bibi huyu alikuwa binti wakati Wachina wanajenga TAZARA, miaka ile ya 1970 hadi 1975, na kipande cha kutoka Mlimba kupanda Makambako ndicho kilichowatesa kuliko vyote: milima, mabonde, madaraja, mahandaki. Yeye alikuwa akipeleka ndizi na mboga kambini kwao. Anakumbuka walivyokula, walivyonawa, walivyoimba wakienda kazini. Anawakumbuka na waliokufa, na kila tukipita njia ya Gongo la Mboto anataka tumwonyeshe upande yaliko makaburi ya Wachina, atulie kidogo kabla ya kuendelea kusema. Nyumbani kwao redio ilikuwa inafunguliwa Redio Peking, maana Wachina wanatangaza kwa Kiswahili tangu 1961, kabla hata bendera yetu haijapanda. Kwa hiyo usimwambie Stesheni Masta kwamba China ni mbali.

Sasa elewa hali ya nyumba wakati ule. Mke wangu ni mwalimu wa sekondari. Anaamka saa kumi na moja alfajiri, anachemsha maji, anamwogesha mama, anamkanda mguu kwa mafuta, anampikia uji, anampangia vidonge vya presha kwenye kisahani cha kikombe, kisha anakimbilia daladala. Jioni anarudi na madaftari ya kusahihisha, anaanza upya. Vidonge vyenyewe ni vita. Bibi anavipokea, anakunywa maji, anashukuru, anaombea watoto baraka. Siku ya kufua, Neema anafungua pindo la kanga ya bibi yake na kukuta vidonge vimefungwa humo na noti ya shilingi mia tano, vimekauka vizuri, vimehifadhiwa kwa siku ya shida.

Na mazoezi ndiyo usiseme. Mtaalamu wa viungo alisema atembee na fremu kila siku, hata hatua kumi, asubuhi na jioni, la sivyo mguu utakakamaa. Mke wangu anasimama mbele yake amenyoosha mikono: "Mama, njoo, moja." Mama anamtazama. "Mwanangu, mimi nimetembea Mlimba mpaka Chita nikiwa na mimba yako na mzigo kichwani. Nimeshatembea." Anarudi kukaa. Nimemwona mke wangu akigeuka, akiingia jikoni na kuosha vyombo ambavyo vilikuwa vimeshaoshwa.

Mke wangu ana kaka zake, ndiyo. Mmoja nitakutajia, yuko Tunduma na biashara yake, tunamwita Shemeji Wiki Ijayo. Ukimpigia simu ana furaha ya kweli. Anauliza mama anaendeleaje, anatuma salamu kwa kila mtu kwa jina, na anakuja wiki ijayo.

Ndipo mwishoni mwa 2011 TBC, televisheni ya taifa, wakaleta ule mchezo wa Kichina uliotiwa sauti za Kiswahili, Doudou na Mama Wakwe Zake. Kama hukuuona, nakupa kwa ufupi. Mao Doudou ni nesi, msichana mchangamfu, anaolewa na Yu Wei. Wazazi wa Yu Wei waliachana na baba akaoa mke mwingine, basi Doudou anajikuta ana mama wakwe wawili kwa mpigo, na kila mmoja ana lake. Ni sehemu 36. Kwao ulitoka 2010, na Doudou anaigizwa na dada mmoja anaitwa Hai Qing, ambaye naamini hajui mpaka leo nyumba ngapi za Dar es Salaam alizozichelewesha kula.

Siku ya kwanza Stesheni Masta alipomsikia Mchina anasema Kiswahili kwenye televisheni, alikaa wima. Siku ya pili aliamuru chakula kiwe tayari mapema. Siku zilizofuata sisi sote tulikuwa abiria. Alimpanga kila mtu mahali pake: mimi nikawa Yu Wei, na kila nikichelewa kurudi kutoka kazini anauliza kama nimepitia kwa mama yangu mwingine. Jirani yetu Mama Shabani alipandishwa cheo kuwa mama mkwe wa pili. Kitinda mimba wetu, tunayemwita Kipaza kwa kuwa hakuna siri anayoweza kuilalia, alipewa kazi ya kutangaza mtaani kwamba Doudou ameanza.

Mwaka ule, utakumbuka, ulikuwa wa mgao. Maji ya bwawa la Mtera yalipungua, umeme ukawa mgeni. Na vuli ilipokuja ilikuja kwa hasira, ile iliyoishia kwenye mafuriko ya Desemba bonde la Msimbazi. Jioni moja upepo uliizungusha antena yetu, mlingoti wa mwanzi uliofungwa kwenye nguzo ya uani, na skrini ikajaa chenga. Nikatoka na mvua kichwani. Mimi nazungusha mlingoti, Kipaza yuko dirishani, bibi yuko kwenye kochi, na habari zinapita kwa zamu.

"Bado chenga!"

"Na sasa?"

"Bibi anasema sauti ipo, sura hakuna!"

"Na sasa?"

"Hapo hapo! Baba usipumue! Bibi anasema umepitiliza, rudi!"

Nikarudi. Picha ikakaa. Nikasikia kelele za furaha ndani, na hapo hapo umeme ukakatika mtaa mzima.

Yaliyofuata nayasimulia kama yalivyotokea. Neema alikuwa ameweka maharage kwenye jiko la mkaa na kuja kusimama mlangoni aone kipande kimoja tu. Maharage yakashika chini na moshi ukajaa korido. Mama Neema alikuwa chumbani na madaftari, akatoka gizani, akapiga ndoo ya maji ya kuogea. Mshumaa ulikuwepo, kiberiti kikawa kimelowa mfukoni mwangu. Tukapapasa, tukakosana, tukapatana, mpaka Kipaza alipoiona tochi ya simu. Tulipomulika kochi, hapakuwa na mtu. Hata fremu haikuwepo.

Sijui kama umewahi kumsikia mke wako akiita "Mama!" kwa sauti ya mtoto mdogo. Tulipekua chumbani, chooni, uani, nyuma ya tangi la maji. Getini tukakuta kandambili moja ya bibi imekwama kwenye tope. Mama Neema aliishika ile kandambili kifuani na kutoka peku kwenye mvua. Vijana wa mtaani wakaja na tochi zao. Mmoja akawa anaulizia mtaro, na mimi nikamwomba anyamaze.

Kipaza ndiye aliyesikia. Kwa Mama Shabani jenereta ilikuwa inanguruma, na juu ya mngurumo ule, Doudou anajibizana na mume wake kwa Kiswahili.

Tukamkuta kwenye kiti cha heshima, mguu kwenye stuli, chai mkononi, watoto wa jirani wamekaa chini wamemzunguka. Fremu imeegemezwa ukutani, miguu yake imejaa tope. Kutoka kwetu mpaka pale ni kushuka ngazi, kuvuka uwanja, kutoka getini na kupita mbele ya duka. Hakugeuka hata kututazama. "Nyamazeni," alisema, "yule mama mkubwa amekasirika."

Mke wangu alisimama mlangoni analowesha zulia la watu. Nilijua anataka kulia na anataka kucheka. Akaingia, akakaa chini karibu na mguu wa mama yake, akaangalia mpaka mwisho. Aliposhusha pumzi ndipo akasema, taratibu, mbele yetu wote: "Mama, nimekuomba hatua kumi. Kila siku nakuomba. Umenikatalia. Leo umemfuata Doudou kwenye tope."

Na Stesheni Masta akamjibu: "Doudou hanihesabii hatua."

Nyumbani wakaendelea. Sikuingilia, nilikuwa nakwangua sufuria ya maharage, lakini kuta zetu ni nyembamba. Nilimsikia mke wangu akisema neno ambalo tangu mama afike hakuwahi kulitamka: nimechoka. Akasema anampenda na amechoka, yote mawili kwa pamoja, na kwamba akifungua pindo la kanga akakuta vidonge anahisi kazi yake ya alfajiri imefungwa humo. Mama alikaa kimya muda mrefu. Kisha akaanza na yeye: kuogeshwa na mtoto uliyemwogesha mwenyewe si jambo dogo, na kila "moja, mbili" anayohesabiwa inamkumbusha kwamba mguu si wake tena.

Hapa nina neno langu. Michezo mingi tuliyoizoea ina binti mwema anayelia na binti mbaya anayeadhibiwa, basi. Doudou ni mwema na anakasirika. Anajibu. Anakwenda kulala na hasira, asubuhi anarudi kuwahudumia walewale, kisha anaenda hospitali kuhudumia wagonjwa wa watu wengine. Mke wangu, ambaye aliamini kwamba kuchoka na mama yako ni dhambi, alimwona mwanamke mwingine akichoka mbele ya nchi nzima na bado anapendwa. Nimefurahi sana kwamba alimwona. Nilikuwa nimemwambia mimi apumzike, lakini mume akisema inakuwa ni maneno ya mume.

Kesho yake bibi aliomba simu akampigia Shemeji Wiki Ijayo. Kipaza alikuwepo, kwa hiyo mtaa mzima una nakala. "Doudou si damu ya wale wazee na anawahangaikia. Wewe umetoka tumboni mwangu unanitumia salamu. Mimi salamu hazinipeleki chooni." Shemeji akasema anakuja wiki ijayo. Wiki yake ilifika Februari, lakini ilifika. Alilala sebuleni, akaamka alfajiri kuchemsha maji, akapanga vidonge kwenye kisahani, akampa mama. Mama akapokea, akashukuru, akamwombea baraka. Siku ya tatu Neema alifungua pindo la kanga mbele ya mjomba wake. Shemeji akakaa chini. Tangu siku hiyo hajaniuliza tena kwa nini dada yake anakonda.

Machi 2013 Rais Xi Jinping wa China alipokuja Dar es Salaam, alihutubia kwenye ukumbi wa Mwalimu Nyerere na kuutaja mchezo ule. Stesheni Masta alisema ni haki yake, mzigo mzuri lazima mwenye nao aujue. Na Julai mwaka huohuo China wakaanza kutumia sheria inayowataka watoto wanaoishi mbali na wazazi kwenda kuwaona au kuwajulia hali mara kwa mara. Nilimsomea shemeji habari hiyo kwenye simu, neno kwa neno. Alicheka, kisha akauliza nauli ya TAZARA sasa hivi ni kiasi gani.

Bibi alirudi Mlimba kwa mguu wake, akaja tena, na safari hii hasemi habari za kurudi. Kochi ni lake, rimoti ni yake, mimi navaa shati. Bado anamuulizia Doudou. TBC, nawaomba muurudie ule mchezo, na muuweke mapema, kabla wazee hawajalala. Na wewe ambaye dada yako ndiye anayekaa na mama, panda basi wiki hii, na ukifika mwambie dada akalale.