Nyundo ya Mfalme, Nikiifafanua Mimi

Waheshimiwa wana Karagwe, na ndugu zetu wa Kyerwa mliojitenga mwaka 2012 bila kunishauri, kaeni. Mniite Profesa Daktari. Udaktari ni wa heshima; uprofesa uko njiani.

Leo natoboa siri niliyoivumbua peke yangu: hapa Bweranyange, nyundo ilikuwa alama takatifu ya ufalme. Ni kweli Stanley alifika kwa mfalme Rumanyika mwaka 1876 akaandika habari za hazina yake ya shaba na chuma, lakini yule alikuwa mpita njia. Ni kweli pia Hamo Sassoon aliandika kuhusu wafalme, ng'ombe na wahunzi mwaka 1983. Huyo aliniwahi kwa hila: nilikuwa darasa la pili.

Kwa nini mfalme ashike chombo cha mhunzi? Swali hilo linanikumbusha Copenhagen. Baridi ile, jamani! Nilivaa makoti mawili. Picha hiyo, ipitisheni, msiikunje. Huko, karne ya 10, watu walivaa shingoni vijinyundo vya Thor, mungu wa radi. Ukristo ulipoingia, mhunzi mmoja akachonga kalibu ya jiwe ya kumiminia misalaba na nyundo pamoja. Iko makumbusho. Nilimwelewa papo hapo, maana hotuba hii jana niliitoa kwa wachungaji, juzi kwa waganga, bei ile ile.

Warusi wakaipachika nyundo kwenye bendera pamoja na mundu, ikawa mfanyakazi. CCM mwaka 1977 ikaiweka na jembe. Hapo sisemi zaidi, mkuu wa wilaya yupo.

Sasa shuhuda mwenyewe! Nyundo ya Rumanyika, hii hapa, na mpini wake wa asili.

Naam, mzee wangu wa nyuma? Anasema nyundo za kifalme za huku zilikuwa chuma kitupu, hazina mpini. Ukiisimika ardhini inakuwa fuawe. Mzee, una cheti? Anasema baba yake alikuwa mhunzi. Jamani, baba si rejea!

Anauliza pia mbona mpini una bei. Muda umetuishia. Wa mbele hapo, nirudishieni hiyo nyundo: fundi wa gesti anaingoja amalizie mlango wa choo, na chumba hicho ni changu.