Gesi Imefika, Sufuria Je?

Mkakati wa Taifa wa Nishati Safi ya Kupikia, uliozinduliwa mwaka 2024, unataka asilimia 80 ya Watanzania wapike kwa nishati safi ifikapo 2034. Hewala. Ila huku Mpanda mtungi wa kilo 6 unatwishwa sufuria ile ile ya shughuli, kitako kimebonyea tangu enzi za mafiga. Mama akianza kusonga ugali, mtoto anaitwa ashikilie mtungi! Jirani ana kisufuria chembamba: moto unapanda ubavuni, maharage yanaungua chini, juu bado mawe. Kitako bapa, kizito, na mfuniko vingetosha, lakini nani alishakata utepe wa mfuniko? Gesi ikiisha, gunia la mkaa lipo uani, nalo halichagui sufuria.